Kasuku wa Mama Faida na Mchikichi wa Nje ya Ua

"Mama Faida, tundu iko wazi tangu asubuhi, na ndege iko ndani tu. Weye unamufukuza, ao unangojea akuage?"

Aliyeuliza ni Albertine, mke wa katekista, jirani yake wa ukuta kwa ukuta pale Nyangwe. Aliuliza huku anacheka, maana kasuku yule alikuwa kichekesho cha mtaa mzima. Faida hakucheka. Alikuwa amekaa kwenye kigoda mbele ya tundu, ngazi moja nyekundu, tunda la mchikichi, mkononi, akimwonyesha ndege njia ya kutoka kama mtu anayemwonyesha mgeni mlango bila kutaka kumtukana.

"Gaston anakuja kesho, baada ya sala ya Ijumaa," alisema. "Akimukuta hapa, atamubeba mpaka Lusangi."

Albertine akaacha kucheka. Jambo la Gaston alilijua, kama sisi sote tulivyolijua.

Ilikuwa miaka ile baada ya vita vya Wazungu, Wabelgiji wakiwa bado wanatawala. Kassimu, mume wa Faida, alikuwa mchuuzi wa samaki wakavu, mtu wa mitumbwi, leo yuko huku, kesho yuko ng'ambo ya Lualaba. Watoto wameolewa, nyumba imekuwa kubwa. Ndipo Faida akamlea kinda la kasuku lililoanguka na tawi lake wakati wa dhoruba. Alimtafunia mahindi akamtia mdomoni, akamlaza kifuani ndani ya kanga. Ndege akakua, akaota mkia mwekundu kama pilipili, na ulimi ukamwota pia. Alikohoa kikohozi cha Kassimu. Aliita mbuzi, na mbuzi wakaja. Alinung'unika asubuhi hadi jioni kama mwanamke aliyekuja kutembea kwa kaka yake asipendezwe na chakula. Kwa hiyo wakamwita Shangazi.

Faida alikuwa mwanamke wa sala na wa kutoa, tusimzulie. Lakini kila mtu ana mahali pake pa kuteleza, na pa Faida palikuwa ndege yule. Wageni wakitoka Kasongo, aliwakalisha kwanza wamsikie Shangazi, ndipo akawapa maji.

Sasa, nyuma ya msikiti kulikuwa na makaburi ya wazee wa zamani, yamezungushiwa ua, na juu yake miti mikubwa ambayo panga halijawahi kuigusa. Humo ndimo kasuku wa porini walimolala. Kila jioni, kabla ya magharibi, walikuja makundi kwa makundi kutoka msituni, wakipiga miluzi, mpaka mtu asimsikie mwenzake. Mtoto aliyerusha jiwe ndani ya ua ule alichapwa na mtu yeyote aliyekuwa karibu, awe Mwislamu awe Mkristo. Tuliambiwa: anayelala kwa wafu ni mgeni wa wafu, na mgeni wa mtu hashikwi.

Tena ndege wale walikuwa saa yetu. Mwalimu Yakubu, aliyeadhini, macho yake yalikuwa yameingia ukungu, jua hakuliona vizuri. Makundi yakishatua, yeye alisimama kutawadha. Mwezi wa Ramadhani wanawake walimimina uji waliposikia miluzi ile, na uji ulipopoa kidogo, adhana ilikuwa inatoka.

Gaston alifika Nyangwe mara ya kwanza mwaka uliotangulia, kwa baiskeli, wakati ngazi zinaiva. Alikuwa kijana wa Kasongo, mcheshi, mwenye kofia ya Kizungu, mtegaji wa Mzungu mmoja aliyepeleka kasuku Kindu, na kutoka Kindu mpaka Ulaya. Mwenyewe alieleza kazi yake bila kuficha. Alikuwa na ulimbo, utomvu wa mti uliopikwa mpaka unanata kuliko asali. Unapakwa kwenye makuti ya mchikichi, halafu katikati unafungwa ndege mmoja mzoefu wa watu. Yule akiita, wenzake wanashuka. Alichokosa ni ndege wa kuita tu. Wake alikufa njiani.

"Kule Kasongo wanasema hakuna mdomo kama wa ndege ya Mama Faida," akasema. "Hata Muzungu amesikia."

Neno hilo lilimwingia Faida kama mafuta kwenye ngozi kavu. Mzungu wa Kasongo amesikia habari za Shangazi! Kassimu, ambaye hakukataa urafiki na mtu wa Mzungu, alisema ndege ni wa mke, aamue mke. Hata hivyo Gaston mwenyewe aliogopa. Aliuliza kama wazee hawatamfukuza, maana amesikia makaburi yale yana mwiko.

Hapo Faida angeweza kusema ndiyo, yana mwiko, na habari ingeisha. Badala yake alisema maneno ambayo baadaye aliyarudia peke yake akitwanga, akifua, akisali:

"Mwiko iko ndani ya lupango, ndani ya ua ya makaburi. Ule mchikichi wa kando ya njia iko inje. Hapo hakuna kaburi, hakuna mutu atakuuliza."

Akamkabidhi Shangazi kwa mkono wake.

Mchikichi ule ulikuwa hatua chache tu kutoka kwenye ua. Jioni ile Shangazi alifungwa juu, mguu mmoja kwa kamba, na makundi yalipopita aliwaita. Hakukohoa wala hakuita mbuzi. Aliita kwa mluzi mwembamba ambao Faida hakuwahi kumfundisha na hakuwahi kuusikia nyumbani. Wakashuka. Wa kwanza walinata na kupiga kelele, na kelele ile ikawaleta wengine, kwa kuwa kasuku hamwachi mwenzake anayelia. Gaston alipanda, akawabandua mmoja mmoja, akawakata mbawa, akawajaza kwenye vikapu.

Wazee walikuja wakatazama. Mwalimu Yakubu aliuliza mti ule uko wapi, ndani au nje, akaambiwa nje. Akageuka akaenda zake.

Gaston alirudi tena na tena mpaka ngazi zikaisha. Vikapu vililala barazani kwa Faida vikingojea mtumbwi, naye aliwapa ndege wale maji na mahindi kwa huruma, akajiambia kwamba kulisha ni thawabu. Kila asubuhi alikuta wengine wamekufa, midomo wazi, ulimbo ukiwa bado kwenye vifua vyao. Aliwazika nyuma ya choo kabla Albertine hajaamka. Hata hivyo akaendelea kumwazima Gaston ndege wake.

Kisha Ramadhani ikaingia. Siku ya kwanza wanawake wa mtaa waliweka vyungu chini, wakangoja miluzi ili wamimine uji. Wakangoja. Mwalimu Yakubu alikaa kwenye ngazi za msikiti na birika lake la kutawadhia, kichwa kimeinama upande wa makaburi, kusikiliza miluzi ambayo haikuja. Watoto waliofunga kwa mara ya kwanza wakaanza kulia. Giza lilikuwa limeshaingia nyumbani Kassimu aliposema, "Huyu mwalimu amelala ao namna gani?" Na Shangazi, ndani ya tundu lake, akakohoa.

Faida aliuacha uji chunguni. Aliivuka njia kwenda msikitini, akamkuta mzee bado ameinamisha kichwa, akamwambia jua limekwisha kuzama kitambo. Akamwambia na lile lingine pia: kwamba Gaston aliuogopa mwiko, na yeye ndiye aliyemwonyesha mchikichi.

Mwalimu Yakubu hakumgombeza. Ingekuwa afadhali. Alisema, "Mimi vilevile niliuliza tu mti uko wapi. Sikuuliza ndege wanalala wapi." Akasimama akaadhini, watu wakala wakiwa wameudhika.

Basi msimu wa pili ndio huo Albertine alipouliza swali lake. Gaston alikuwa ametuma salamu: Nyangwe ndege wamekwisha, lakini karibu na Lusangi kuna miti mingine wanamolala, na Kassimu amekwisha kukubali. Faida aliona njia moja tu. Ndege aende kwa wenzake, ili asiwepo wa kuazimwa.

Shangazi hakwenda. Alitoka nje, akatembea juu ya tundu, akarudi ndani kudai mahindi. Jioni Faida akamficha ndani ya kanga, akaenda naye mpaka ndani ya ua wa makaburi, Albertine akimfuata kwa nyuma. Akampandisha kwenye tawi. Wakangoja.

Wakaja wachache. Kundi dogo mno, lisilozidi kinachoweza kutua kwenye tawi moja. Shangazi akawaona, akajinyoosha, akapiga ule mluzi mwembamba. Wale ndege wakageuka hewani kana kwamba wamepigwa, wakavuka mto wala hawakurudi. Shangazi akawaita mpaka hawakuonekana. Kisha akashuka tawini kwa mdomo na makucha, akapanda begani kwa Faida, akakohoa.

"Wanajua sauti yake," Albertine akasema polepole.

"Ndege ya Lusangi hawaijui," Faida akasema.

Kesho yake Gaston alifika, akala, akasifu mchuzi, akanyoosha mkono achukue tundu. Faida alikuwa amekaa mbele ya tundu, na hakuondoka. Kassimu akamwambia asimwaibishe, neno limekwisha kutolewa. Gaston akacheka.

"Mama, mwaka jana ni weye ulinionyesha muti. Leo umekuwa malaika?"

"Ni mimi nilikuonyesha," akajibu. "Kwa hiyo ni mimi nakatala."

Gaston akamwambia atapata ndege mwingine. Huenda alimpata, hatukusikia. Kassimu hakusema na mkewe mpaka samaki wa safari ile wakauzwa wote. Shangazi akabaki barazani akinung'unika, na tangu hapo Faida hakumwonyesha mgeni tena. Kila jioni alikwenda kusimama kando ya ua wa makaburi kabla ya magharibi, kisha akapita kwa Mwalimu Yakubu kumwambia jua limefika wapi. Hakuna aliyempa kazi hiyo.

Aliugua kifua kabla Kongo haijapata uhuru. Mwalimu Yakubu alikuwa amekwisha tangulia. Kassimu alikaa upande mmoja wa mkeka, Albertine upande mwingine, na Shangazi juu ya mlango, mzima kabisa, maana ndege wale wanaishi sana. Kassimu alimpa moyo kwamba mahali pake makaburini pako tayari, pazuri, chini ya miti, karibu na mama yake. Faida akatikisa kichwa. Akaomba anyanyuliwe kidogo, akasema:

"Chini ya miti musinizike. Munizike inje ya lupango, pale kwenye mchikichi, kusudi na hapo kuwe kaburi. Na Shangazi musimwazime mutu."