Mama Kutoka Poland na Kura ya Chama

Mwishoni mwa miaka ya tisini nilifanya kazi ughaibuni, katika mji wa Laurel, kwenye kiwanda cha kufua mashuka ya hospitali. Nilipangwa kazi pamoja na mama mmoja kutoka Poland. Yeye alishika ncha moja ya shuka, mimi nyingine, tukakunja kutwa nzima kwenye joto la pasi.

Wenzetu walianza kunong'ona kuhusu kuunda chama cha wafanyakazi. Nikasikia kwamba yule mama na mumewe waliwahi kugoma kwao, katika kiwanda cha nguo, enzi za ukomunisti. Nilimuuliza wakati wa chakula.

"Lakini serikali yenu si ndiyo ilikuwa ya wafanyakazi?"

Kwetu Tanzania chama cha wafanyakazi kilikuwa chini ya chama tawala. Sikuwahi kufikiria kingeweza kuipinga serikali.

"Ndivyo walivyotuambia," alisema. "Sisi tulitaka chama chetu wenyewe, na nyama madukani. Wanajeshi wakamchukua mume wangu asubuhi, ananyoa ndevu, sabuni bado iko usoni."

"Akarudi?"

"Alirudi na kifua kibovu. Tukaendelea kukutana kwa siri, jikoni kwa watu, miaka mingi. Mwishowe serikali ikaondoka. Tulicheza barabarani, binti yangu. Halafu kiwanda kikafungwa, sote tukaachishwa kazi."

Hakusema kwa uchungu. Alikuwa amechoka tu.

Baadaye meneja alituita kantini. Akasema chama kingeleta ugomvi, kisha akauliza ni nani hasa anayekitaka. Watu wakatazama meza. Yule mama aliinua mkono akiwa ameketi, maana miguu ilimvimba. Nami nikainua wangu. Wakafuata wengine, si wengi.

Kura ya kuunda chama ilipopigwa tulishindwa. Hakuna aliyefukuzwa, ila mama alihamishiwa kuchambua mashuka machafu, yenye damu na haja, kazi iliyokimbiwa na kila mtu. Jioni moja nilimkuta kituo cha basi, nikamuuliza kama anajuta.

"Mume wangu aliniuliza hilohilo mpaka anakufa," alisema. "Tungefanyaje? Tukae kimya?"

Basi likaja. Nilimshika mkono apande, naye akasinzia begani kwangu kabla hatujafika kituo cha Riverdale.

Baridi ilipokwisha alihamia mji wa Woodbridge kwa mwanawe. Nilisikia kwamba kule kiwandani walipiga kura tena, safari hiyo wakashinda. Mimi nilikuwa nimeshaacha kazi kwa sababu ya mgongo.