Kikao Kilichomwacha Mama Jikoni

Ninafundisha Uraia katika sekondari moja hapa Songea, na kila mwaka nikifika kwenye ile ibara ya Katiba inayosema watu wote ni sawa mbele ya sheria, damu inanichemka. Si kwamba siiamini. Naiamini, ndiyo maana inaniuma. Wanafunzi wanaiandika, wanaikariri, wanapata maksi, halafu wasichana wanarudi nyumbani kuteka maji huku kaka zao wakisikiliza mpira redioni. Mwaka huu binti mmoja alinyoosha mkono akauliza, "Mwalimu, hata nyumbani?" Nikamjibu kwa ukali: hata nyumbani! Maskini, hakuwa na kosa lolote. Nilikuwa namjibu baba yangu mdogo.

Baba alifariki mahindi yakiwa bado machanga. Alikuwa fundi ujenzi, mtu wa kuhamahama, leo Mbinga, kesho Namtumbo, kwa hiyo shamba letu la Maposeni alilima mama. Walilifyeka wote wawili walipooana, hilo silikatai, lakini aliyelijua ni mama. Alijua wapi maji yanatuama, wapi pa kupanda maharage, wapi nguruwe pori wanapitia. Sisi watoto tumezaliwa wasichana watupu, mimi na mdogo wangu aliyeolewa Mbeya. Baba hakuwahi kulalamika juu ya hilo. Ndugu zake ndio walikuwa wanahesabu.

Siku ya kumaliza matanga, ukoo ulikaa kikao cha kumteua msimamizi wa mirathi. Wasiojua mambo haya niwaeleze. Mahakama ya mwanzo haikuteulii msimamizi hivihivi, inataka kwanza muhtasari wa kikao cha ukoo. Na kikao cha ukoo kwetu hakikai na njaa. Wanaume wanakaa barazani, wanawake wa nyumba hiyo wanapika. Kwa hiyo wakati baba mdogo na wenzake wanajadili mjane atakula wapi maisha yake yote, mjane mwenyewe alikuwa jikoni anawasongea ugali! Tulikuwa yeye, mimi, na mama mdogo, mke wa huyohuyo baba mdogo. Moshi ulikuwa unatutoa machozi, na mama alikuwa ameshalia ya kwake kabla ya moto kuwashwa.

Baadaye mimi nilitoka kwenda barazani na beseni na jagi, nanawisha wanaume mikono mmoja baada ya mwingine, nimepiga goti. Hapo ndipo baba mdogo alipoingia jikoni na karatasi na kidau cha wino. "Shemeji, weka dole gumba hapa. Mambo ya mahakama tu." Mama akajifuta unga kwenye kanga, akaweka dole. Angefanyaje? Mwanamke aliyeolewa hamuulizi ndugu wa mume karatasi inasema nini, na tena yuko kwenye msiba. Ataambiwa ana haraka ya mali, marehemu hata hajapoa.

Hatukujua kitu mpaka baba mdogo alipokuja shambani na mtu wa kupima, wakaanza kupigilia vigingi. Mama akamwuliza kulikoni. Akamwambia kwa upole kabisa, ule upole wa mtu aliyeshiba: "Shemeji, nyumba utabaki nayo, hakuna atakayekufukuza. Lakini shamba ni la ukoo. Ndugu yangu hakuacha mtoto wa kiume." Mama alinipigia simu, sauti yake sikuitambua. Aliniuliza swali moja tu: "Sasa mwanangu, nitalima wapi?"

Nikapanda bodaboda kutoka Msamala ninakoishi hadi mahakamani. Kwenye ubao wa matangazo nikakuta shauri letu limebandikwa: baba mdogo anaomba usimamizi wa mirathi. Nikaomba kuona muhtasari. Umeandikwa vizuri, mwandiko wa kuvutia kabisa: mjane alihudhuria, mjane aliridhia. Loo!  Nikaandika pingamizi palepale.

Siku ya shauri, hakimu alimwuliza mama, "Ulihudhuria kikao?"

"Nilikuwepo, mheshimiwa."

Nikafumba macho. Mama yangu hajui kusema uongo hata wa kujiokoa.

"Ulikaa wapi?"

"Jikoni."

Watu wakacheka. Hakimu hakucheka. "Uliwasikia wakizungumza nini?"

"Niliwasikia wakiomba chumvi."

Baba mdogo akasimama, akafunga kifungo cha koti. "Mheshimiwa, kwa mila zetu mwanamke yumo kikaoni kupitia mwanaume wa nyumba yake."

"Na mwanaume wa nyumba yake ni nani?"

"Kwa sasa ni mimi."

Alisema bila haya! Mlalamikiwa ndiye mwakilishi wa mlalamikaji! Nilidhani hakimu atapasuka kwa hasira kama nilivyopasuka mimi. Thubutu. Alisema muhtasari haufai, twende tukarudie kikao, safari hii mjane akiwa ameketi humo.

Nilitoka pale nikiwa na hasira na hakimu kuliko hata na baba mdogo. Katiba inampa kila mtu haki ya kumiliki mali. Sheria ya ardhi ya vijiji inampa mwanamke haki sawa na mwanaume. Halafu ukifika dirishani na haki zako zote hizo, unaambiwa urudi kwa walewale waliokunyang'anya, wakuandikie kwamba hawajakunyang'anya! Na chini ya hizo sheria mpya zipo zile za kimila zilizoandikwa miaka ya sitini, zinazosema fungu la mjane ni kutunzwa na watoto wake. Wanaume waliwauliza wanaume wenzao mila ni ipi, wakaandika walichojibiwa, na hakuna aliyeingia jikoni kuuliza. Wanasema sheria ni msumeno, unakata mbele na nyuma. Mimi niliouona pale ulikuwa unakata upande mmoja tu.

Tukarudia kikao. Niliagiza chakula kwa mama lishe ili pasiwe na mtu wa kupika, na mama akaketi kwenye kiti, mikono mapajani, kama mgeni kwenye baraza la mumewe. Wanaume walizunguka mbuyu weee, mwisho baba mdogo akasema wazi. "Shemeji, mahakama inaweza kukupa shamba. Sawa. Lakini mahakama haizikani. Siku ukifa, hakimu atakuja kukuchimbia kaburi? Chagua mwenyewe, shamba au ukoo."

Nikafungua mdomo. Mama akanishika mkono, nikaufunga.  Namjua mama, ni mtu wa jumuiya, mtu wa kukesha kwenye kila msiba wa Maposeni, na ninajua neno lile lilimchoma wapi. Nilikuwa na uhakika atakubali yaishe.

"Shamba," akasema.

Mahakama ikamteua mama kuwa msimamizi, shamba likabaki kwake. Na ukoo ukatimiza neno lake. Hapo zamani mavuno yalikuwa ni mama kukoroga togwa na watu kujaa shambani tangu alfajiri, leo kwako, kesho kwangu. Mwaka huu alikoroga togwa, ikachacha kwenye ndoo. Hakuja mtu. Hata waliozikiwa wazazi wao na mama walipita barabarani wakitazama upande wa pili. Wana roho gani watu hawa, jamani? Nikaomba ruhusa shuleni, nikaenda kuvuna naye kwenye ule upepo wa baridi wa mwezi wa saba, vidole vimekufa ganzi, na kila hindi nililovunja nilimtukana mtu kimoyomoyo.

Siku moja, jua likiwa limeshapanda, mama mdogo alitokea kwenye mahindi. Alikuja kwa njia ya bondeni, si ya barabarani. Nilimwamkia shikamoo kwa ubaridi, nikijua ametumwa. Akaitikia, akachuchumaa, akaanza kumenya mahindi pamoja nasi bila kuombwa. Akamenya weee. Kisha akaniuliza, macho yake kwenye hindi:

"Mwanangu, lile pingamizi. Mtu anaweza kuliweka mume wake akiwa bado hai?"

Nilitaka kucheka, nikamtazama uso, sikuweza. Nikamweleza kwamba akiwa hai kuna njia nyingine, waende ofisi ya kijiji waandikishe shamba kwa majina mawili, la mume na la mke.

"Na akikataa?"

Mimi, mwalimu wa Uraia, nikaanza kutafuta kifungu cha sheria kichwani. Mama ndiye aliyejibu, wala hakuinua uso.

"Akikataa, njoo hapa. Hapa ni kwangu."