Mzee Aliyetoka Nusu Kichwa

Nina duka la kinyozi hapa Chepilat, soko lililo mpakani na Nyamira. Kuna mzee mmoja, mchuma chai mstaafu, ambaye nilimnyoa kila Jumamosi tangu nifungue. Nikimaliza, alikuwa anahamia kwenye benchi na kubishana na wateja wa upande wa Nyamira mpaka jioni, hasa kuhusu ng'ombe.

Halafu akaanza kusahau. Nikimnyoa asubuhi, mchana anarudi.

"Kijana, nitengeneze vizuri. Kesho binti yangu anaolewa."

Huyo binti ana watoto sekondari. Mara ya kwanza nilicheka, nikidhani ni utani. Baadaye nikawa namkalisha tu, napitisha mashine juu juu bila kumgusa. Watu kwenye benchi walikuwa wanaangalia chini.

Kisha wiki kadhaa zikapita bila yeye kuja. Jumamosi moja mke wake alimleta mwenyewe, nywele zikiwa zimeshakuwa ndefu. Nilikuwa nimemaliza upande wa kulia alipoinua macho kwenye kioo.

"Huyo mzee ni nani?"

"Ni wewe, mzee wangu."

"Mwambie aache kuniangalia!"

Nilifunika kioo kwa taulo, lakini alikuwa ameshasimama. Nilipomshika bega akanisukuma. "Na wewe ni nani?"

Akatoka hivyo hivyo, upande mmoja laini, mwingine mweupe kwa mvi. Ilikuwa siku ya soko. Vijana wa bodaboda wakaangua kicheko, mpaka mmoja akamtambua, wakanyamaza. Nilimwita. Kadiri nilivyomwita ndivyo alivyozidi kuongeza mwendo. Mke wake akanivuta shati.

"Wacha, mwanangu. Ukimkimbiza ataingia barabarani."

Basi tukamfuata kwa mbali, mimi na yule mama, kama watu wasiomjua. Alipochoka aliketi penye kibanda cha kupimia majani chai. Nilichuchumaa mbele yake.

"Mzee, turudi nimalizie kidogo tu."

Akafunika kichwa kwa mikono yote miwili. Mama alivua kitambaa chake cha kichwa, akamfunga nacho taratibu, naye akakubali. Wakaenda nyumbani.

Wiki iliyofuata nilienda kwao na mashine. Aliposikia tu mlio wake, alilia. Nikaizima. Siku hizi mama humpunguza nywele kwa makasi akiwa usingizini, kidogo kidogo, na mimi nikienda huko huwa naketi tu karibu naye. Ananisalimia kwa heshima, kama mgeni.