Shikamoo ya Bi Lulu

Bi Tunu wa Kiwalani hakuwahi kutangulia kumwamkia mdogo wake Lulu, na uzeeni ndiyo kabisa. Siku ya msiba wa mama yao, Lulu alimpita mlangoni bila shikamoo, akaenda moja kwa moja kumlilia maiti. Tangu hapo miaka kumi na mmoja, huyu Kiwalani, yule Kawe, hakuna aliyevuka mji kumtafuta mwenzie.

Mwaka huu akaja Elibariki, mwalimu wa chuo, na kidude chake cha kunasia sauti. Anatafuta Kibushi, lugha aliyokuja nayo mama yao kutoka kisiwa cha Maore, kule Komoro. Mama alisimulia kwamba waliokianzisha walivuka bahari kutoka mashariki ya mbali, zamani hata hazihesabiki. Humu mjini Bi Tunu aliwajua wawili tu wanaokisema: yeye na Lulu.

"Bibi, rudia hiyo b."

Akairudia, pumzi ikivutwa ndani kama anameza tone la maji. Kisha ile tr, ulimi umejikunja juu. Ila s ikampigia mluzi penye pengo.

"Usinicheke. Mie nilikuwaga na meno."

"Sicheki, bibi. Ila maneno ya mtu mmoja hayatoshi. Nataka niwasikie wawili mkiongea."

"Basi aje. Mdogo ndiye humfuata mkubwa."

"Nilimwambia kwa simu. Kasema miguu yako mizima kuliko yake."

"Muone! Kiburi kimemjaa mpaka magotini."

Miezi minne alikaza shingo. Asubuhi moja anakoroga uji, akalitafuta kwa Kibushi jina la mwiko alioushika, hakuliona. Akakaa chini. Uji ukaungua. Akampigia Elibariki simu: "Nipeleke Kawe."

Lulu walimkuta barazani, anachambua mchele. Elibariki akawasha kidude. Bi Tunu akameza kiburi chake, akatangulia yeye, mkubwa, kwa Kibushi, kumuuliza alichowauliza mama kila kukicha: umeamkaje, mwanangu?

Lulu akainua uso. Akauweka ungo chini.

"Dada, huku ningekisema na nani? Wajukuu walikuwa wananicheka tu. Kimenitoka chote." Akainamisha kichwa. "Shikamoo, dada."

Ndiyo hiyo aliyoingoja miaka kumi na mmoja. Imekuja kwa Kiswahili.

"Marahaba," Bi Tunu akasema.

Akauvuta ungo upande wake, akaanza kuchambua. Elibariki alisahau kuzima. Kilichonaswa baada ya hapo ni punje za mchele zikigeuzwa, basi.