Kesi ya Leseni Yangu

Nilifutiwa leseni ya kuuza mafuta kwa barua ya ukurasa mmoja. Aliyeileta alinikuta nikisukuma tope kwa ufagio mbele ya pampu, maana mto uliofurika ulikuwa ndio kwanza unaondoka Garsen. Barua hiyo ya ofisi ya leseni ilisema kituo changu kimeuza petroli yenye maji, kwa hiyo nifunge siku hiyohiyo. Hakuna aliyewahi kuniita kuniuliza lolote.

Kituo hicho aliniachia marehemu mume wangu, na ndicho kilichokuwa kikisomesha wanangu. Nilikwenda kwa wakili. Aliisoma barua, akafurahi. Akanieleza kwamba tutaiomba mahakama iupitie uamuzi huo, na kwamba katika kesi ya namna hiyo jaji haulizi kama nilikosa au sikukosa. Anauliza tu kama walioamua walifuata utaratibu. Nilipoanza kumsimulia habari za tangi, alinikatiza kwa upole.

"Mama, mafuta hayamo kwenye kesi hii. Wamekuhukumu bila kukusikiliza. Hilo linatosha."

Nilishukuru kukatizwa. Siku ya tatu ya mafuriko nilikuwa nimepaka fimbo ya kupimia ile dawa inayogeuka rangi ikigusa maji, nikaitumbukiza kwenye tangi. Ilitoka nyekundu, upana wa vidole vinne. Ilinipasa kufunga pampu. Lakini barabara ilikuwa imekatika, lori la mafuta halingefika, na watu walikuwa wamesimama na madumu wakitaka petroli ya maboti. Nikajiambia maji hukaa chini, pampu itavuta ya juu. Nikaendelea kuuza.

Mmoja wa walionunua alikuwa mkulima wa Golbanti. Mkewe alikuwa ameshikwa na uchungu, naye alikuwa amekodi boti ya kumleta hospitali. Walipokuwa njiani injini ilizima. Mto uliwasukuma hadi wakanasa kwenye miti, wakakaa hapo mchana kutwa. Mtoto alizaliwa botini, akafia botini.

Mkulima huyo alihudhuria kesi yangu kila ilipotajwa. Alikaa benchi la nyuma, kofia juu ya goti, akimtazama jaji. Mimi nikishapita na kuketi mbele, sikugeuka kumtazama.

Siku ya hukumu jaji alisema nilinyimwa haki ya kusikilizwa, akautengua uamuzi wa kunifutia leseni. Akaongeza kwamba ofisi ya leseni iko huru kulisikiliza jambo hilo upya. Wakili alinipa mkono. Tulipotoka nje, yule mkulima alinifuata kwenye ngazi.

"Dada," alisema, "wale walikuwa wakisema Kiingereza. Mtoto wangu walimtaja saa ngapi?"

"Hawakumtaja."

"Sasa siku zote hizi walikuwa wakiongea nini?"

"Leseni yangu."

Alitikisa kichwa taratibu, kama mtu aliyeelezwa njia, akavaa kofia yake akaenda kutafuta gari la kurudi kwao.

Nilifungua kituo. Wateja walirudi, wengine wakinipongeza. Kila aliyeleta dumu nilitaka kumuuliza anakwenda wapi.

Baada ya miezi michache ofisi ya leseni iliniita nisikilizwe. Wakili alikuwa ameniandalia maelezo kwamba maji yaliingia kwenye tangi bila mimi kujua. Karatasi niliiacha mezani, nikawaambia nilipima lini, niliona nini, na niliuza siku ngapi baada ya kuona. Walinisikiliza hadi mwisho. Kisha wakanifutia leseni tena, na safari hii hapakuwa na kosa la utaratibu la kupeleka mahakamani. Wakili alikusanya faili zake. Mwanangu mkubwa, alipopata habari, aliniuliza kama nilifikiria karo yao hata kidogo. Nilimwambia nilifikiria. Hakupiga simu tena kwa muda mrefu.

Wiki iliyofuata nilikwenda Golbanti. Mume hakuwepo, mke nilimkuta shambani akipalilia mpunga. Nilimwambia mimi ndiye niliyeuza yale mafuta. Alisema ananijua. Nikamweleza mengine yote.

"Siku ile unamuuzia mume wangu, ulikuwa unajua?"

"Nilikuwa najua."

Aliinama akaendelea kung'oa magugu. Nilisimama pale pembezoni mwa shamba nikingoja anitukane, au aniambie niondoke. Alifika mwisho wa mstari, akageuka akaanza mwingine, akinipa mgongo.