Mama Niliyemtunga

Ipo siku moja naikumbuka kuliko hata siku ya harusi yangu, mjukuu wangu, na ukimuuliza babu yako atakwambia natia chumvi. Mwache. Ilikuwa Jumamosi mchana, mwanzoni mwa miaka ya sabini, nami nilikuwa msichana wa miaka kumi na tisa mwenye viatu vya kuazima na kiburi changu mwenyewe.

Nilikuwa karani wa kupiga taipu mjini, na jioni nilisoma fasihi ya Kiingereza katika darasa la watu wazima karibu na River Road. Mwalimu wetu, Maalim Sudi, alikuwa mtu wa Lamu, mpole, mwenye kofia iliyofuliwa hadi ikachoka. Muhula ule alitufundisha washairi wa zamani wa Ulaya, wale waliosifia milima, maua na mioyo yao wenyewe. Ila hakuanzia kwenye mashairi, alianzia utotoni mwao. Huyu alifiwa na mama angali mdogo, dada yake akawa ndiye macho yake. Yule alimuuguza mama yake akiwa bado mvulana, na kifo hakikutoka tena katika kalamu yake. "Usione vyaelea, vimeundwa," alizoea kusema. "Mtafuteni aliyemlea, au pengo la aliyepaswa kumlea."

Mimi nilisikia nusu tu. Nilichoshika ni kwamba mshairi lazima awe na bustani.

Basi alipotuagiza kila mmoja aandike shairi kuhusu aliyemlea, nikatunga mama. Mama yangu wa kweli alipiga pasi katika nyumba ya matajiri mtaa wa Spring Valley, na sisi tulikaa chumba kimoja Kangemi. Yule wa shairini alikuwa na waridi uani, alipiga kinanda, na vidole vyake havikujua kazi. Vyote hivyo nilivitoa kwa bibi mwenye nyumba ile. Nilivijua kwa sababu nilipokuwa mdogo mama alinibeba kwenda naye kazini.

Desturi ya Maalim niliijua nusu tu, ile ya kuja na mzazi. Siku ya kufunga muhula kila mwanafunzi alikuja na mzazi, akasoma shairi kwa Kiingereza, kisha akalisema kwa Kiswahili ili aliyemlea alisikie. Nilimleta mama nikijua hataelewa hata neno la Kiingereza. Alivaa kitambaa kipya cha kichwa, akakaa mbele, na nilipomaliza kusoma alipiga makofi kuliko wote.

"Sasa mwambie mama kwa Kiswahili," Maalim akasema.

Ningetaka kubuni jingine papo hapo, lakini darasa zima lilikuwa limesikia. Nikasema. Waridi. Kinanda. Nilipofika kwenye vidole laini, mama aliingiza mikono yake chini ya mkoba, mkono wenye kovu la pasi ukatangulia.

Akasema bila hasira, "Hiyo mama ni mzuri, Rispa. Ukimwona, mwambie asante kwa kunilelea mtoto."

Hakuna aliyecheka. Nililia mbele za watu, mwanangu, na sioni haya kukwambia.

Maalim alinivuta pembeni. "Kiingereza chako hakina kosa, binti yangu. Lakini wale washairi walirudi kwa watu wao hata palipouma. Wewe umemkimbia wako, ukaazima wa wenzio."

Kesho yake, kabla ya kanisa, mama alikuwa akipiga pasi nguo zetu. Nikaketi juu ya kikapu cha nguo kama nilivyoketi zamani Spring Valley. Pasi ya makaa ilikwenda, ikarudi, na hapo nikatambua kwamba hadithi zote alizonisimulia utotoni zilikwenda kwa mwendo ule. Mpaka leo nikiandika, sentensi zangu huenda na kurudi vivyo hivyo.

Nikaandika shairi jingine, kwa Kiswahili, la mama na pasi yake, nikamsomea yeye wa kwanza. Alisikiliza mpaka mwisho.

"Hapo kwa makaa umekosea," akasema. "Mimi huwa napuliza jivu kwanza."

Nikajua amenisamehe.

Sasa nasikia nawe unaandika, na kwamba katika hadithi yako mama yako anaishi Kitisuru, kwenye majumba ya matajiri asikokaa. Mwanangu, mwacha asili ni mtumwa. Soma vitabu vya watu, vipende, lakini ujifunze kwao namna ya kurudi kwenu, usijifunze njia ya kutoroka. Na kabla hujaandika neno juu ya aliyekulea, kaa karibu naye akiwa kazini. Wangu amelala kaburini sasa, na nina maswali mengi juu ya lile jivu.

Mungu akupe kalamu isiyomwonea haya aliyekubeba, na amweke mama yako miaka mingi, akusahihishe.