Pacha wa Mti

Mawese yakianza kutoa moshi kikaangoni, hasira hunipanda kabla sijakumbuka sababu yake.

Tulipanga chumba mtaa wa La Rochelle, kusini kabisa mwa Afrika, tukitenganishwa kwa ukuta tu na mama mmoja Myoruba kutoka Nigeria. Alizaa mapacha, mmoja akafa. Kwa desturi ya kwao alichongesha sanamu ya marehemu, akawa anaiogesha, anaipaka mawese na kuilaza kando ya pacha aliye hai.

"Pacha hugawana roho," alimweleza mama yangu. "Nikimsahau huyu, atamwita nduguye amfuate."

Siku wenyeji wenye marungu walipokuja kuwafukuza wageni, mwenye kiduka cha spaza aliyetuuzia mkate kila asubuhi ndiye aliyeitoa ile sanamu na kuitupa kwenye moto wa magodoro. Harufu ya mawese ikapanda.

"Ni mwanangu huyo!" mama wa watu akapiga kelele. Wakacheka. Akaingiza mikono motoni, akatoka na kipande cheusi na viganja vilivyobabuka.

Jumapili, katika kanisa letu la Wakongo, mchungaji akasema, "Tumshukuru Mungu, shetani wa jirani zetu ameungua." Watu wakaitikia amina.

Mama yangu akasimama. "Pasta, mikono ya yule dada nimeifunga bandeji mimi. Shetani sikumwona mule. Nilimwona mzazi mwenzangu."

Akanivuta mkono, tukatoka. Nyuma yetu ngoma zikaanza, kwa nguvu kuliko Jumapili zote.